Uso wa Kuazima: Kamera na Sitara katika Mitaa ya Nyuma ya Lamu

Kipande chenyewe ni cha sekunde 11. Kijana amelala chali kwenye baraza ya nyumba iliyofungwa, mdomo wazi, kikoi kimepanda hadi magotini, nzi anatembea pembeni mwa jicho lake. Kamera inamsogelea mpaka uso wake unajaa kioo chote, kisha inamwacha na kwenda kutazama mashua. Basi. Waliokipiga walikuwa wakitengeneza filamu fupi kuhusu unga wa Lamu, ule wa kulevya, na sina sababu ya kusema nia yao ilikuwa mbaya. Walikaa siku tatu wakaondoka.

Kijana yule yu hai. Ameacha unga, huu mwaka wa nne, na riziki yake ni kukalafati vyombo: kugongomea pamba katikati ya mbao mpaka maji yakose njia. Mwaka jana mamake alipeleka posa. Jibu lilirudi kwa upole, kama ilivyo desturi, kwamba binti angali anasoma. Sababu hasa ilijulikana baadaye. Mjomba wa binti, anayekaa Mombasa, alikuwa na kile kipande kwenye simu yake.

Nakieleza kisa hiki kwa ruhusa ya mama huyo, kwa sababu ndicho kinachorudi midomoni mwa watu kila mara tangu kijana mmoja wa mitaa ya nyuma, mwigizaji, aseme kwamba anataka kutengeneza filamu kuhusu maisha ya huko. Ataiandika mwenyewe, ataiongoza mwenyewe, na mhusika mkuu, ambaye ni teja, yaani mraibu wa unga, atakuwa yeye. Mji umegawika. Wapo wanaosema ametumwa na wanaotaka kutuaibisha. Wapo wanaosema amechelewa. Nimewasikiliza wote, barazani na majumbani, na nina langu la kusema, ila kwanza nieleze mitaa yenyewe.

Anayeshuka gatini huonyeshwa Mkomani: nyumba za mawe ya matumbawe, milango ya nakshi, vichochoro ambavyo punda wawili waliopakiwa hawapishani. Huo ndio mji wa kale ulioingia katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2001, na eneo lake halizidi sana hekta 16. Ukiipa bahari mgongo ukapanda, mawe huisha taratibu. Huanza makuti, kisha mabati, kisha makuti yaliyowekewa mabati juu kwa sababu pesa za kubadilisha paa lote hazikupatikana. Kashmir iko huko, na Wiyoni iko huko. Baadhi ya wakazi ni Wabajuni ambao wazee wao walikimbia vijiji vya kaskazini wakati wa vita vya shifta, kati ya 1963 na 1967, wakaja na vyombo vyao vya kupikia na nyavu. Wengine ni Waamu kindakindaki, ambao nyumba za mababu zao ziliuzwa moja baada ya nyingine, na bei ya nyumba ya mawe siku hizi huifikia mtu anayekuja kwa likizo.

Huko nyuma ndiko wanakolala wapagazi wa gatini, waswaga punda wa mchanga na mawe, mabaharia wa mashua za watalii, washonaji makuti, na wanawake wanaowasha jiko la mahamri kabla ya adhana ya alfajiri. Mji wa mbele hauamki bila wao. Lakini tafuta picha zao. Lamu imepigwa picha mpaka imechoka, na karibu zote ni za namna mbili. Namna ya kwanza ni tanga jeupe, jua linatua, mzee mwenye kofia amekaa chini ya mlango wa nakshi. Namna ya pili ni ya habari: tangu mashambulizi ya Mpeketoni ya Juni 2014, jina la Lamu lilitajwa pamoja na kafyu na wanajeshi, na katikati yake ndimo unga unapoingizwa. Filamu ya Subira ya mwaka 2018, ambayo Kenya iliipeleka kugombea Oscar mwaka uliofuata, ilifanya jambo la maana kumweka msichana wa Lamu mwenye hamu ya kuogelea baharini kuwa mtu kamili, mwenye matakwa yake. Nimeipenda. Lakini ni moja, na mitaa ya nyuma inabaki bila picha yake mwenyewe.

Sasa hoja ya wanaokataa, na naomba isichukuliwe kwamba ni hoja ya wazee waliopitwa na wakati. Msingi wake ni sitara, na sitara kwetu imejengwa hadi kwenye kuta. Nyumba ya Kiamu humpokea mgeni dakani, kwenye kibaraza cha mlangoni, nje. Akipiga hodi akakaribishwa, huingia tekani, na mlango huo umepindishwa makusudi ili jicho lisipenye moja kwa moja hadi kiwandani, yaani uani. Kisha ndiyo misana, kumbi ndefu, na mwisho kabisa ndani, ambako hata jamaa wengine hawafiki. Kila hatua ina ruhusa yake. Kamera haipigi hodi. Inatoka barabarani ikaingia ndani kwa pumzi moja, na mwenye kuitazama yuko Mombasa, au Nairobi, au nchi ambayo mwenye nyumba hajaisikia.

Mzee mmoja ninayemheshimu sana aliniambia, "Mwanangu, aibu ya maiti aijuaye mwosha. Mwosha akitoka nje akatangaza, nani atamwita tena?" Na imamu alipoulizwa alitukumbusha hadithi mashuhuri, kwamba mwenye kumsitiri Muislamu mwenzake, Mwenyezi Mungu atamsitiri duniani na akhera. Hili si jambo dogo kwa mji unaoishi kwa dini yake. Wako pia wenye mashua na nyumba za wageni ambao hoja yao ni ya tumbo: kila habari mbaya ikitoka, wageni hufuta safari, na anayelala njaa kwanza ni yule yule baharia wa mtaa wa nyuma ambaye filamu inadai kumtetea. Kwa hoja hizi zote, kile kipande cha sekunde 11 ni ushahidi ambao hakuna aliyeweza kuupangua mbele yangu.

Kijana mwigizaji ana jibu lake, naye hulitoa bila kupandisha sauti. "Ami, mficha uchi hazai. Tumeficha miaka mingapi? Na waliokufa wakati tunaficha, ni wangapi?" Kisha aliongeza neno ambalo limenikaa kichwani hadi leo: muuza unga naye hupenda sitara.

Ni kweli. Sitara inapomfunika mgonjwa humfunika pia aliyemuuzia, na hufunika ofisi ambayo ingepaswa kufanya kazi yake. Maji ya Lamu hutoka kwenye visima vya matuta ya mchanga ya Shella, na nimeona kwa macho yangu foleni ya madumu ya mtaa wa nyuma ikingoja bomba likohoe, wakati bustani za nyumba fulani za mbele zinanyunyiziwa. Aibu ya foleni ile ni ya nani? Mwanamke anayebeba dumu la lita 20 kichwani hana cha kuficha. Sisi tunaposema "msituaibishe", mara nyingi tunamsitiri mtu ambaye hakuomba kusitiriwa, na kumbe tunamsitiri mwingine kabisa.

Kwa hiyo hoja mbili zinasimama, na kila moja ina miguu. Ili nione zinakoelekea, nilijiuliza zimeamuliwaje kwingine, na mfano unaonifaa zaidi uko Ufaransa. Huko kuna vitongoji vya maghorofa pembezoni mwa Paris ambavyo wahamiaji kutoka Afrika na watoto wao waliwekwa na kusahauliwa, na watu wawili tofauti kabisa wamevitengenezea filamu.

Wa kwanza ni Mathieu Kassovitz, mwigizaji na mwongozaji. Yeye si mtoto wa vitongoji. Alizaliwa Paris mwaka 1967, na babake ni mwongozaji wa filamu. Mwezi Aprili 1993 kijana mwenye asili ya Zaire alipigwa risasi akiwa mikononi mwa polisi ndani ya kituo jijini Paris, na kisa hicho ndicho kilichomfanya Kassovitz aandike La Haine, yaani Chuki. Alikwenda na waigizaji wake kuishi kwa muda katika kitongoji cha Chanteloup-les-Vignes kabla ya kupiga picha. Filamu ilipotoka mwaka 1995 alipata tuzo ya mwongozaji bora kwenye tamasha la filamu la Cannes, akiwa na umri wa miaka 27. Polisi waliokuwa kwenye ulinzi wa tamasha waliwapa mgongo yeye na wenzake. Waziri Mkuu Alain Juppé aliwakalisha mawaziri wake waitazame.

Ebu fikiria hilo: baraza zima la mawaziri limekaa gizani, limewatazama vijana watatu wa mtaa wa nyuma kwa saa moja na nusu. Filamu gani itaomba zaidi ya hapo? Na miaka kumi baadaye, Oktoba 2005, vijana wawili waliokuwa wakiwakimbia polisi walikufa kwa umeme walipojificha katika kituo cha stima huko Clichy-sous-Bois, na vitongoji vya nchi nzima vikawaka moto kwa wiki tatu. Mawaziri walikuwa wameshaona.

Wa pili ni Ladj Ly. Huyu ni mwenyeji: amekulia Les Bosquets, mtaa wa Montfermeil, jirani na Clichy-sous-Bois. Alianza kwa kuwa na kamera tu mkononi, akiwapiga picha polisi kila walipoingia mtaani, na ghasia za 2005 alizipiga kutoka ndani, si kutoka nyuma ya ngao za askari kama vituo vya televisheni. Mwaka 2004 rafiki yake, msanii wa picha anayejulikana kama JR, alimpiga picha ameielekeza kamera mbele kama mtutu wa bunduki. Ukiitazama mara ya kwanza unaona bunduki, na hiyo ndiyo maana yake: jicho lako limekwisha kuamua kabla hujatazama. Mwaka 2019 Ly alitoa filamu yake ya hadithi, Les Misérables, akiwatumia watu wa mtaa wenyewe. Ilipata tuzo ya majaji Cannes, ikagombea Oscar, ikatwaa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, ya filamu bora mwaka 2020.

Ungetegemea niseme mwenyeji alifanya vizuri kuliko mgeni. Sivyo ninavyoona. Filamu zote mbili ni za kweli, na zote mbili hazikuzima moto: Juni 2023 kijana mwingine aliuawa na polisi huko Nanterre na vitongoji vikawaka tena. Anayengoja filamu imletee maji bombani atangoja sana. Tofauti ya Ly naiona nje ya filamu. Mwaka 2018, kabla hata ya filamu yake kubwa, alifungua shule ya filamu huko huko kwao, bila karo na bila kudai cheti chochote cha masomo. Mtoto wa Les Bosquets anaingia akitoka na ufundi wa sauti, taa, uhariri. Tuzo zikiota vumbi, hiyo itabaki.

Upande wa pili wa jambo hili pia una mifano. Rio de Janeiro, wakazi wa Cidade de Deus walipewa umaarufu wa dunia na filamu ya mwaka 2002 iliyobeba jina la mtaa wao, na msanii wa rap MV Bill, mwenyeji wa hapo, alilalamika hadharani kwamba walichoachiwa ni unyanyapaa tu. Mumbai, watoto wawili wa mtaa wa mabanda waliigiza katika Slumdog Millionaire iliyotwaa Oscar nane Februari 2009. Mwezi Mei mwaka huo huo vibanda vyao vilibomolewa na wenye mamlaka, ndipo wafadhili wa filamu wakaharakisha kuwatafutia makao. Wapinzani wa Lamu wakitaja mambo haya hawasemi uongo.

Na karibu na kwetu upo mfano mmoja ninaoupenda kuliko yote. Mwaka 2009 yule yule JR alikuja Kibera, akachapisha macho na nyuso za wanawake wa hapo kwa ukubwa wa paa, akaziweka juu ya mabati, takriban mita za mraba 2,000. Kwa desturi picha zake alizibandika kwa karatasi. Kibera alitumia turubai isiyopitisha maji, na mvua ilipokuja, uso wa mwanamke ukawa unazuia paa lake kuvuja. Mtu aliyewahi kulala chini ya makuti yaliyochoka, akihamisha kitanda kila tone linapohama, anaelewa bila kuelezwa kwa nini picha ile ni bora kuliko nyingi zilizowekwa kwenye kumbi za maonyesho.

Nirudi kwenye zile filamu mbili za Ufaransa, maana kuna jambo lililonisumbua. Zote zinaishia njiani. Ile ya Kassovitz inakatika kwa mlio wa risasi, na hatuoni imempata nani. Ile ya Ly inamwacha mvulana, Issa, juu ya ngazi, ameshika chupa ya moto, na askari chini yake ameelekeza bastola. Kioo kinakuwa cheusi. Nilipoitazama mara ya kwanza nilimfikiria yule mama na kile kipande. Si ndivyo walivyomfanyia mwanawe? Wamemkuta ameanguka, wakamwacha pale pale alipoanguka, wakazima kamera?

Nimelifikiria jambo hili kwa muda mrefu, na jibu nililofikia ndilo lililonifanya nimuunge mkono kijana mwigizaji, pamoja na hofu niliyo nayo. Issa wa kwenye filamu hatapeleka posa. Hana mjomba Mombasa. Mvulana aliyeigiza alishuka ngazi zile, akarudisha chupa, akaenda kula. Mwongozaji anaweza kumwacha Issa pale juu ili mimi mtazamaji nikose usingizi, na hakuna mtoto wa mtu atakayebaki ngazini. Yule kijana wa barazani bado amelala pale. Atalala pale hata akizeeka.

Kwa maneno mengine, uigizaji wenyewe ni sitara. Mwigizaji huazima uso wake ili uso wa jirani ufunikwe. Ugonjwa unaonekana, foleni ya madumu inaonekana, muuza unga anaonekana, na mgonjwa amesitirika. Kassovitz alilielewa hili kwa namna yake: ndani ya La Haine kuna kijana mmoja wa kunyoa kichwa, mbaguzi wa rangi, mtu wa kuchukiza kuliko wote, na uso huo hakumpa mtoto yeyote wa kitongoji. Aliuvaa mwenyewe.

Wala si elimu ngeni kwetu. Wanawake wa ngoma ya lelemama waliimbana miaka na miaka bila kumtaja mtu jina, na mji mzima ukajua. Kanga husema yasiyosemeka. Sisi ni watu wa mafumbo, na fumbo ndilo lililoturuhusu kusema makali bila kuvunjiana nyumba. Mwigizaji anayevaa uteja ambao si wake anafumba kwa mwili, kama wale walivyofumba kwa maneno.

Najua litakaloulizwa, kwa sababu niliulizwa. Lamu si Paris. Huku mtu akichechemea kwenye filamu, wote watasema huyo ni mwana wa fulani, ndivyo anavyotembea. Mji ambao watu wanajuana kwa mlio wa makubadhi, fumbo hufumbuka kabla ya isha. Nakubali. Ndiyo maana sioni njia nyingine ila ile ndefu: kukaa, kuuliza, kuonyesha mtaa kwanza kabla ya kuonyesha dunia, na kuondoa kitu mwenyewe akisema ondoa. Siku tatu hazitoshi hata kuijua njia ya msikitini.

Lakini kuna uzito mwingine, nao sijaupatia dawa. Uso ukiazimwa huweza kurudi na madoa. Kijana huyu aliwahi kuigiza mlevi katika mchezo mfupi wa simu, na mpaka leo watoto humwita kwa jina la mlevi yule. Yeye hucheka. Mamake hacheki. Na kama kwa mvulana ni hivyo, kwa msichana je? Hadithi ya mitaa ya nyuma bila wanawake ni uongo, kwa sababu wao ndio wanaoishikilia. Nani atamcheza mke wa teja, anayeuza vyombo vya jikoni kimoja kimoja? Wasichana wawili wenye kipaji cha kushangaza wamekataa, na waliokataza ni baba zao. Siwezi kuwaambia baba hao kwamba wamekosea, kwa kuwa madoa ya binti huoshwa kwa shida zaidi, hata kama mimi na wewe tunaona hilo ni dhuluma. Kuna wazo la kutumia sauti tu, mwanamke asikike kutoka upande wa pili wa pazia, na nilipolisikia nililiona zuri. Kisha nikajiuliza: mwanamke akibaki nyuma ya pazia hata kwenye filamu inayodai kumwonyesha, tumemwonyesha nini? Bado sijui nisimame wapi.

Kuhusu sheria na fedha sina maneno mengi. Sheria ya filamu na michezo ya jukwaani, Sura ya 222, inataka kibali kwa filamu itakayoonyeshwa hadharani, na kijana wa simu na kipaza sauti cha kuazima hubanwa na mlango ule ule unaopitwa na kampuni yenye magari na jenereta. Ningependa mlango wa wanyonge uwe mpana zaidi. Na wafadhili wakija, waulizwe jambo moja tu kabla ya mengine: fundi wa taa atakuwa nani? Akiwa mtoto wa Kashmir, hata kama itabidi afundishwe kwanza, tuzungumze. Akiwa anashuka naye kwenye ndege, tunajua itabaki nini wakiondoka.

Wiki mbili zilizopita nilimsindikiza kijana mwigizaji kwa yule mama. Tulikwenda mchana, baada ya adhuhuri, akatuwekea chai na viazi karai. Alimsikiliza mpaka mwisho, mkono wake hauachi kofia aliyokuwa akiishona, sindano inaingia inatoka. Kisha akasema, "Mimi sina neno na mchezo wako, mwanangu. Neno langu ni moja. Usimwache pale barazani. Mtoe. Mwonyeshe anakalafati."

Kijana akajibu kwa adabu kwamba filamu haiwezi kubeba kila kitu, na kwamba watu wakiona teja amepona mwishoni watarudi nyumbani wametulia, na yeye hataki watulie. Mama akaweka kofia chini. "Wewe unawafikiria wanaotazama. Mimi namfikiria wangu." Walibishana, taratibu, hadi chai ikapoa, na hakuna aliyemshinda mwenzake. Nilikaa katikati yao, na ukweli ni kwamba kila mmoja alipomaliza kusema nilimwona ana haki.

Tulipotoka alitwambia tumpitie mwanawe, asije akasikia habari hizi kwa watu. Tulimkuta ufukweni chini ya jahazi lililoegeshwa kwa magogo, nyundo mkononi, nywele zimejaa nyuzi za pamba. Aliambiwa yote. Hakusema ndiyo wala la. Akamtaka mwigizaji alale chini amwonyeshe anavyokusudia kucheza. Kijana akalala mchangani, chali, mdomo wazi, mkono mmoja akaupitisha juu ya macho kukinga jua.

Mwenziwe alimtazama kwa kitambo. Kisha akapiga goti, akaushika ule mkono, akauondoa usoni na kuulaza mchangani, kiganja juu.

"Huu hapana," alisema. "Jua lilikuwa linanichoma, na nalijua kwamba linanichoma. Nguvu za kuuinua sikuwa nazo."